Bilauri za Baba

Chumba cha vioo kina baridi ya makusudi.
Nta haipendi joto, wala mimi siku hizi.
Nje ni Januari ya Ulaanbaatar, thelathini chini ya sifuri,
na moshi umeilalia Bayankhoshuu
kama blanketi ambalo hakuna aliyeliomba.

Kipande ni kidogo kuliko punje ya mtama.
Juzi kilikuwa ndani ya baba yangu.
Daktari Tsogzol alinisihi nimwachie mwingine,
nikamjibu, hapa hakuna mkono unaokata wembamba kama huu wangu.
Nilisema kweli. Sikusema yote.

Nimekikata. Nimekitia ile rangi ya buluu
inayopita kila kitu bila salamu ila ute,
kisha nikainamia hadubini
kama mtu anayechungulia kisima.

Nazo hizo, ukutani mwa njia ya hewa,
kiuno chembamba, tumbo limejaa hadi mdomoni.
Bilauri, ndivyo walivyoziita walioziona kwanza,
na walioziona kwanza bila shaka walikuwa na kiu.

Ute huu tunaoupangusa kwa mkono wa shati,
tunaoutema kando ya njia na kuufukia kwa kiatu,
ambao mama alinifunza kuuonea haya mbele ya wageni,
ndio unaonasa masizi kabla hayajafika mbali,
unaolowesha jicho lisipasuke kwa upepo wa Gobi,
unaolilinda tumbo lisijile lenyewe,
na huko chini utumbo umejitandikia tabaka juu ya tabaka
ili vijidudu vikae upande wao wa ukuta.
Damu ni nzito kuliko maji, husema watu.
Ute hakuna aliyetaka kuupima.

Kwa mtu aliyevuta hewa ya nyika
seli hizi huwa zimetawanyika kama mahema ya wafugaji,
moja hapa, nyingine unaibaini kwa mbweko wa mbwa.
Kwa baba zimesongamana kama Bayankhoshuu yenyewe
baada ya ule mwaka theluji iliua kondoo wetu wote
na kila mtu akaja mjini na hema lake
na jiko lake.

Moshi ulibisha hodi, zikajibu kwa ute.
Ukabisha tena. Zikaitana.
Vinyweleo vilivyokuwa vikiufagia kwenda juu
vimelala kifudifudi, nyasi chini ya barafu.
Adui simwoni. Nimetafuta,
nimebadilisha lenzi, nimesogeza kioo kushoto na kulia.
Ni walinzi watupu,
wamefurika mlangoni hata mwenye nyumba hapiti.

Naye aliamka saa tisa za usiku,
kila usiku, majira kumi na saba ya baridi,
kuchochea makaa
ili wino usigande ndani ya kalamu yangu.
Nilikisikia kikohozi chake usingizini
nikakihesabu miongoni mwa sauti za joto:
koleo, mlango wa jiko, kikohozi.

Fomu ina mstari mmoja wa maelezo.
Nimeandika: zimeongezeka, zimevimba, ute mwingi.
Nimetia sahihi. Nimenawa mikono mara mbili.

Jioni akanimiminia chai ya maziwa na chumvi,
akauliza, kama anayeulizia bei ya unga, umeona nini.
Umejaa bilauri, baba.
Akacheka hadi kikohozi kikamnyang'anya kicheko.
Basi kuna karamu, akasema alipopata pumzi,
na mimi mwenye nyumba ndiye sikualikwa.

Akageuza uso ateme, kwa adabu ileile ya mama.
Nikamshikia kitambaa. Nikatazama.
Jiko lilikuwa linazimika.
Sote wawili tuliliona,
na kwa muda mrefu hakuna aliyeinuka.